Nyota Yenye Mkia kutoka Gitega hadi Muyinga



Barua zinazoijia safu hii huwa za aina chache zinazojulikana: mtoto asiyetaka kusoma, kuku wanaokufa kwa mdondo, mshahara usioufikia mwisho wa mwezi. Barua niliyoipata kutoka Muyinga haikuwa miongoni mwa hizo. Na kwa kuwa aliyeiandika ni mke wa askari, na neno lake lagusa nyumba nyingi za askari na polisi, nimeonelea niipe safu nzima ya wiki hii.

Bibi huyo aeleza kwamba mwezi wa Oktoba 2024 mumewe alikuwa katika kikosi chetu cha kulinda amani katika Jamhuri ya Afrika ya Kati. Jioni moja, akiwa lindoni, aliona upande wa magharibi nyota yenye mkia mrefu, akampigia mkewe simu atoke nje aitazame. Bibi akatoka, amemshika binti yao mkono, nao wakaiona ileile juu ya vilima, jua likiwa limekwisha kutua. Wakafurahi mno, kwani mume na mke walio mbalimbali walikuwa wakitazama kitu kimoja kwa saa moja.

Lakini mama mkwe alipoitazama hakufurahi. Alirudi ndani, akafunga madirisha, akasema kwamba nyota ya namna ile haiji ila kuchukua mtu, na kwamba mwanawe hatarudi. Mke akathubutu kumjibu mbele ya majirani, "Mama, hiyo ni nyota tu." Tangu jioni ile mpaka mume aliporejea na kikosi mwaka 2025, wanawake wale wawili walikula chungu kimoja pasipo kuzungumza.

Mume yu salama nyumbani. Mama mkwe asema ni dua zake zilizomrudisha, na mimi si mtu wa kumbishia mama juu ya dua zake. Ila ugomvi haujaisha, na sasa binti, aliyezaliwa mwaka 2016, ameongeza swali lake: nyota ile itarudi lini? Bibi ameniomba nimjibu mambo mawili, kama nyota hizi huleta misiba, na amwambie nini mtoto.

Nitaanza na la mtoto, kwa sababu la mama mkwe ni gumu zaidi.

Kwanza jina. Watu wengi huziita nyota hizi vimondo, na jina hilo hutuchanganya. Kimondo ni kile kimulimuli kinachopita mbinguni kufumba na kufumbua, au jiwe lililodondoka kutoka huko juu, kama lile pande la chuma la Mbozi kusini mwa Tanzania ambalo watu husafiri kwenda kuliona. Nyota yenye mkia haipiti kufumba na kufumbua. Huonekana usiku baada ya usiku, mahali pake pakibadilika kidogo kidogo kati ya nyota nyingine. Wala si nyota kwa asili yake. Ni bonge la barafu lililochanganyika na vumbi na mawe, jeusi, lisilo na nuru yake lenyewe. Likikaribia Jua hupata joto, barafu ikageuka mvuke, na mvuke na vumbi vikasukumwa na Jua vikawa mkia. Ndiyo maana mkia daima huelekea upande wa pili wa Jua. Nyota inapokuja, mkia huifuata. Inapoondoka, mkia hutangulia, kama mtu anayeondoka mbele ya mkubwa wake asitake kumpa mgongo.

Ile ya Oktoba 2024 iligunduliwa mwaka 1 kabla, na kituo cha Tsuchinshan huko China na darubini ya ATLAS iliyoko Afrika ya Kusini, ikapewa majina yao yote mawili. Ilipita karibu kabisa na Jua tarehe 27 Septemba 2024, ikapita karibu nasi tarehe 12 Oktoba, kwa umbali wa kilomita milioni 70 hivi. Binti na aambiwe ukweli: hiyo hatairudia kuiona, wala wajukuu wake, wala wajukuu wa hao. Njia yake ni ndefu mno.

Lakini zipo nyota nyingine zenye mkia ambazo hurudi kwa zamu kama walinzi. Iliyo mashuhuri kuliko zote ni ile iitwayo Halley, na juu ya hiyo ndipo ninapotaka tukae, kwa sababu binti huyo anaweza kuiona.

Nilipokuwa mwalimu Muyinga, kabla ya kuhamia ofisini hapa Gitega, niliwafundisha watoto umbo la njia hiyo kwa vigingi viwili na kamba. Chomeka vigingi viwili katika ua uliofagiwa, zungusha juu yake kamba iliyofungwa ncha zake, ingiza kijiti ndani ya kamba, ivute, kisha zunguka ukichora. Vigingi vikikaribiana utapata umbo linalofanana na duara, na hivyo ndivyo Dunia yetu inavyolizunguka Jua. Viachanishe vigingi mpaka kamba ikaribie kubana, nawe utapata umbo refu jembamba kama mtumbwi. Hiyo ndiyo njia ya Halley. Jua limekaa penye kigingi kimoja. Watoto wote niliowafundisha waliuliza kuna nini penye kigingi cha pili. Hakuna kitu.

Sasa tuitandaze njia hiyo juu ya nchi yetu. Tukiacha kona za barabara ya Karusi na kupima kwa mstari ulionyooka, Gitega na Muyinga zimeachana kilomita 80 hivi. Tuliweke Jua hapa Gitega, na mwisho wa mbali wa safari ya Halley tuuweke Muyinga. Kwa kipimo hicho Jua litakuwa na upana wa mita 21, kama jengo la madarasa matatu. Dunia itakuwa mpira mdogo wa watoto, uliowekwa kilomita 2 na robo kutoka kwenye jengo hilo, yaani mwendo wa nusu saa kwa miguu. Sayari ya Neptuni, ya mwisho katika jamaa ya Jua, itakuwa mbali sana huko njiani, imebakiza kilomita 11 tu kuingia Muyinga. Na Halley yenyewe? Bonge lake lina urefu wa kilomita 15, na kwa kipimo chetu ni chembe ya unga ambayo ungeiona kwa shida ikikaa juu ya kucha yako.

Chembe hiyo hutoka Muyinga, ikaja mpaka kilomita 1 na kidogo kutoka katikati ya Gitega, ndani kabisa ya mahali pa Dunia na hata pa Zuhura, ikazunguka nyuma ya Jua, kisha ikarudi Muyinga. Safari nzima huchukua miaka 76 hivi, mara nyingine miaka 2 au 3 zaidi au pungufu, kwani sayari kubwa, hasa Mshtarii, huivuta njiani ikachelewa au ikawahi.

Jambo linalonistaajabisha mimi ni mwendo wake, kwa maana haiendi sawasawa hata kidogo. Ikiwa karibu na Jua hukimbia kilomita 54 kwa kila nukta moja ya saa. Ikiwa mwisho wa mbali hupungua hata isifike kilomita 1 kwa nukta. Katika ramani yetu ni kusema kwamba pale Gitega hupita mita 70 kwa siku, na pale Muyinga husogea mita 1 na kidogo kwa siku nzima, hatua moja ndefu ya askari gwarideni. Kwa hiyo karibu nusu ya maisha yake huimaliza katika zile kilomita 11 za mwisho, huko gizani ng'ambo ya Neptuni, ambako hakuna jicho linaloiona. Siku inazokaa karibu na Jua kuliko Dunia yetu ni kama miezi 2 na nusu tu. Nani kati yetu asiyemjua mtu wa namna hiyo, akaaye mbali miaka mingi, akaja nyumbani siku chache kwa kishindo, na kabla ya watoto kumzoea amekwisha kuondoka?

Ilipita karibu na Jua tarehe 20 Aprili 1910, ikapita tena tarehe 9 Februari 1986. Mwezi wa Desemba 2023 ilifika mwisho wa mbali, ikageuka. Hivi sasa iko njiani kurudi, ingawa kwa mwendo wake wa kinyonga, katika ramani yetu ingali viungani mwa Muyinga. Itafika kwenye Jua tarehe 28 Julai 2061. Binti aliyezaliwa mwaka 2016 atakuwa mama wa miaka 45.

Huenda msomaji akauliza, watu waliyajuaje haya? Mwingereza Edmond Halley, rafiki wa Newton, alikusanya habari za nyota 24 zenye mkia zilizoandikwa kwa makini, akafanya hesabu ya njia ya kila moja. Akaona kwamba ile ya mwaka 1531, ya 1607 na ya 1682 zilipita njia moja, tena kwa kuachana miaka ileile, 75 au 76. Akakata shauri kwamba hazikuwa tatu bali moja. Mwaka 1705 alichapisha hesabu zake, akasema ingerudi karibu na mwaka 1758. Yeye mwenyewe alikufa mwaka 1742.

Mwaka uliotajwa ulipokaribia, Wafaransa watatu walikaa miezi kadhaa wakihesabu ni kiasi gani Mshtarii na Zohali zingeichelewesha. Walikuwa Clairaut, Lalande, na bibi mmoja, Nicole-Reine Lepaute. Walitoa jawabu la katikati ya Aprili 1759. Usiku wa Krismasi wa mwaka 1758 iliyoonwa kwanza ilikuwa kwa macho ya Palitzsch, mkulima wa kijiji karibu na Dresden, na ikapita kwenye Jua tarehe 13 Machi 1759. Walikosea mwezi mmoja, kwa hesabu za kalamu na karatasi. Baadaye Clairaut alipoandika kitabu chake aliliacha jina la bibi yule. Nalitaja hapa kwa sababu najua ni nani hasa wasomao ukurasa huu.

Sasa la mama mkwe.

Asidhani kwamba hofu yake ni ya vijijini kwetu tu. Mwezi wa Mei 1910, wataalamu waliposema kwamba Dunia ingepita ndani ya mkia wa Halley, na kwamba ndani yake mlikuwa na hewa ya sumu, katika miji mikubwa ya Ulaya na Marekani watu waliziba matundu ya milango, na wajanja wakauza vidonge vya kujikinga na nyota. Dunia ikapita tarehe 18 na 19 Mei, na hakuna aliyekohoa. Mkia wa nyota ni mwembamba kuliko moshi wa sigara uliokwisha kutawanyika. Mfalme Edward VII wa Uingereza alikufa tarehe 6 Mei mwaka huohuo, na wengi wakasema, naam, hiyo ndiyo kazi ya nyota. Lakini Mwezi Gisabo, mfalme wetu mashuhuri kuliko wote, alikufa mwaka 1908, na Halley ilikuwa bado haijaonwa na mtu. Kama nyota ilikuwa na ujumbe kwa wafalme, ilimpelekea wa London ikamsahau wa Burundi. Mwaka wowote ukiutafutia msiba utaupata, uwe na nyota au usiwe nayo.

Nilidhani hoja hiyo yatosha. Kisha nikamwendea mzee mmoja, askari mstaafu, jirani yetu hapa Magarama, kumwuliza aliyoyakumbuka ya mwaka 1986, nami nikaona kwamba yake ndiyo ya kuandikwa.

Mzee alikuwa askari kijana wakati huo. Babu yake alikuwa ameiona ile ya 1910, akamsimulia mwanawe kwamba mkia ulitanda mbinguni kama moshi wa mashamba yanayochomwa; mwanawe akamsimulia mzee huyu. Kwa hiyo redio ilipotangaza kwamba nyota inarudi, nyumba yao ilikuwa inaingoja. Lakini safari ile ya 1986 ilikuwa mbaya: mwezi wa Februari, Halley ilipokuwa iking'aa zaidi, Jua lilikuwa kati yake na sisi. Ilitubidi tuingoje Aprili, wakati wa mvua zetu. Usiku mmoja mawingu yalipofunguka upande wa kusini, mzee alimwamsha mwanawe wa kwanza, mtoto wa miaka 5, akambeba nje katika blanketi. "Redio ilitupa mengi," aliniambia, "mbingu zikatupa kidogo. Tuliona kitu kama pumzi ya mtu penye kioo."

Mtoto hakujali udogo wake. Aliuliza itarudi lini. Baba yake akamwambia kwamba yeye mwenyewe hatakuwapo, na kwamba ni yeye mtoto atakayeiona na kuwasimulia wengine. Siku kadhaa baadaye mtoto, akiisha kusaidiwa hesabu na mama yake, alimjia akisema, "Baba, nitakuwa na miaka themanini."

Mtoto huyo aliuawa mwaka 1993. Alikuwa na miaka 12.

Nilinyamaza, kisha kwa upumbavu nikamwuliza mzee kama yeye naye huamini kwamba nyota zile zina balaa. Alinitazama kama anavyomtazama kuruta. "Mwaka wa 1993 kulikuja nyota gani?" aliniuliza. "Na mwaka wa 1972? Mimi nilikuwa macho usiku mwingi wa mwaka ule wa 1993, nikatazama juu. Hakukuwa na kitu. Waliokuja walikuja kwa miguu."

Bibi wa Muyinga, sina jibu lingine la kumpelekea mama yako. Ila nakuomba usimsomee mbele ya majirani. Ulipomwambia mbele ya watu kwamba hiyo ni nyota tu, ulisema kweli, lakini hukumjibu alilokuwa akilisema. Alikuwa akisema kwamba mwanawe yuko mbali na bunduki, na kwamba hajui atampata wapi ikiwa hatarudi. Mama aliyeishi katika nchi hii miaka yote hiyo hahitaji kufundishwa hofu na barafu inayopita angani. Mwombe radhi kwa ile sauti, si kwa yale maneno.

Nikamwuliza mzee ni nani sasa aliyepewa ule ujumbe wa kuingojea Halley. Alimwita mjukuu wake, kijana wa shule, aliyekuwa akiosha baiskeli. Kijana akasema tarehe pasipo kufikiri: 28 Julai 2061. Tena akaongeza jambo ambalo sikulitia maanani mwenyewe: Julai kwetu ni kiangazi, mawingu ni machache, na safari hiyo Halley itakuwa upande mmoja nasi, si nyuma ya Jua kama 1986. Itang'aa kupita ile aliyoiona babu yake.

Lakini mtoto wa shule ya msingi kumwambia angoje 2061 ni kama kumwonyesha nyama ya sikukuu ya mwaka ujao. Kwa bahati kuna kitu anachoweza kuona mwaka huu. Kila Halley ipitapo huacha njiani vumbi na changarawe, na Dunia yetu huikata njia hiyo mara 2 kwa mwaka, mwanzoni mwa Mei na tena karibu na tarehe 21 Oktoba. Chembe hizo zikiingia katika hewa yetu huwaka, na hapo ndipo jina la kimondo linapostahili. Vimondo vya Mei huonekana vizuri zaidi huku kwetu karibu na ikweta kuliko huko Ulaya. Tarehe 4 hadi 7 Mei, kuanzia saa tisa ya usiku mpaka saa kumi na moja alfajiri, tazameni upande wa mashariki na juu kidogo, mbali na taa za umeme. Mawingu yasipokuwapo, wala mwezi usiwe mkubwa, mwaweza kuhesabu makumi kwa saa. Vinakimbia sana, kilomita 66 kwa nukta, na vingi huacha mstari wa nuru unaokawia kidogo kabla ya kufifia. Kila kimoja ni kipande cha Halley kilichobanduka karne nyingi zilizopita.

Walio kwenye lindo la usiku hawana haja ya kuamshwa, nao mara nyingi ndio wenye giza zuri kuliko raia. Wengine wetu tuweke saa. Alfajiri za Muyinga ni baridi, kwa hiyo chukueni blanketi nzito na chai katika chupa, mkalale chali, maana shingo huchoka upesi. Mtoto ahesabu, baba aandike. Mama mkwe naye aalikwe. Mkeka mpana watosha watu wanne, na kama ana kisa chake juu ya vimondo, mwacheni akisimulie mpaka mwisho.